Mwigizaji na Aandike: Kazi ya Fernando Fernán Gómez

Ndugu zangu, walimu wangu mlioketi safu ya mbele, na ninyi vijana wa sanaa za maonyesho mliojibanza kule nyuma, asanteni kwa kuja. Wanaonifahamu wanajua nimekuja na neno gani. Nimelisema kwenye warsha, nimelisema redioni, nimelisema hata matangani, na leo nalisema tena: mwigizaji asiyeandika huzikwa pamoja na kazi yake. Tukitoka makaburini tunabaki na jina, picha mbili tatu, na vichekesho vya kukumbushana. Namna alivyokuwa akiifanya kazi yenyewe, alivyoingia jukwaani, alivyolipwa, alivyodhulumiwa, alivyojifunza, vyote vimekwenda naye.

Shahidi wangu leo ni Fernando Fernán Gómez, mwigizaji wa Uhispania, aliyefariki Madrid tarehe 21 Novemba 2007 akiwa na miaka 86. Najua wapo wanaonong'ona: Mhispania anatuhusu nini, kwani wetu wamekwisha? Wetu hawajakwisha, na ndicho kinachoniuma. Vikundi vyetu vya miaka ya 80 na 90, Muungano na TOT (Tanzania One Theatre) kwa mfano, vilijaza kumbi mpaka usiku wa manane kwa ngoma, sarakasi, vichekesho na taarabu. Nitajieni igizo moja la kumbi zile ambalo mwigizaji wake alikaa chini akaliandika, tulisome, tulichambue, tulirudie jukwaani. Mnaona ukimya huo? Sasa nipeni nafasi niwaeleze habari za mtu aliyekataa ukimya huo.

Huyu bwana aliigiza tangu 1938 mpaka karibu na kifo chake. Filamu alizoigiza zinakaribia 200. Aliongoza filamu zaidi ya 25. Aliandika tamthilia, riwaya, makala za magazeti, michezo ya redio na televisheni, na kitabu kinene cha kumbukumbu zake. Wengi hupenda kumtaja kama mwigizaji mkubwa aliyekuwa pia akiandika. Mimi sikubaliani na huo mpangilio. Nasema uandishi ulikuwa ndani ya uigizaji wake tangu mwanzo, na nitawaonyesha.

Alizaliwa ziarani. Mama yake, Carola Fernán Gómez, alikuwa mwigizaji, na mwaka 1921 alikuwa akizunguka na kundi huko Amerika Kusini. Uchungu ukamkuta Lima, Peru. Mtoto akaandikishwa Buenos Aires, ndiyo maana akawa raia wa Argentina, na uraia wa Uhispania hakuupata mpaka 1984, akiwa mtu wa miaka 60 na ushei ambaye uso wake ulijulikana na nchi nzima. Baba yake pia alikuwa mtu wa jukwaa, mtoto wa María Guerrero, mwigizaji aliyetikisa Madrid nzima enzi zile. Mpaka leo lipo jumba la maonyesho lenye jina lake. Bibi huyo hakutaka kusikia habari za mwanawe kumwoa Carola. Basi Fernando akalelewa na bibi mzaa mama mjini Madrid, huku mama yake yuko barabarani akitafuta riziki.

Vita vya wenyewe kwa wenyewe vilipoanza Julai 1936 hajatimiza miaka 15. Madrid ikazingirwa, njaa ikaingia majumbani, na huku mabomu yakianguka majumba ya maonyesho yaliendelea kufungua milango. Akasomea uigizaji katika shule iliyoendeshwa na CNT, chama cha wafanyakazi cha waanarkisti, watu wasiotaka utawala wa dola yoyote, na mwaka 1938 akaanza kulipwa katika kundi la Laura Pinillos. Vijana mnaoniuliza kila siku nafasi kubwa zitakuja lini, sikilizeni hapa: alikuwa akipewa nafasi ndogo kabisa, za kuingia, kusema sentensi moja na kutoka. Aliyemwona ni mwandishi wa tamthilia za vichekesho, Enrique Jardiel Poncela. Kijana alikuwa mrefu, mwembamba, pua kubwa, nywele nyekundu, hana sura ya kuwekwa kwenye bango. Mwaka 1941 Jardiel akampa uhusika katika tamthilia yake mpya, na mhusika mwenyewe aliitwa kwa rangi ya nywele zake. Kwa hiyo aliyemfungulia mlango ni mwandishi. Tangu hapo hakuondoka tena karibu na watu wa kalamu.

Filamu zikafuata kuanzia 1943. Filamu ya mabaharia ya 1948, Botón de ancla, na ile ya 1951, Balarrasa, alimokuwa askari anayegeuka padri, zilimfanya nyota. Pesa ikaingia. Sasa angalieni alichofanya. Mwaka 1949 alianzisha, kwa kusaidiana na wenzake wa barazani, tuzo ya riwaya fupi ya Café Gijón, mkahawa wa Madrid walikokuwa wakikaa waandishi na waigizaji. Mwigizaji wa miaka 28, ndiyo kwanza anaanza kuonja maisha, pesa yake anaitia kwenye tuzo ya waandishi. Tuzo hiyo bado ipo. Nikiwaambia waigizaji wetu wa leo wanunue hata daftari la shilingi mia chache, wananiuliza kama nitawarudishia nauli.

Sasa nije kwenye jambo nililolifuata hapa. Wale mlionisikia huko nyuma mtanivumilia, maana hili sitaacha kulisimulia.

Mwaka 1986 aliongoza filamu iitwayo El viaje a ninguna parte, safari isiyoelekea popote. Kabla ya kuwa filamu ilikuwa mchezo wa redio, halafu ikawa riwaya mwaka 1985. Kisa kimoja alikisimulia mara tatu, kwa njia tatu, na mtu hafanyi hivyo kwa jambo dogo. Ni habari za kundi la familia ya waigizaji wanaozunguka vijiji vya Uhispania mwanzoni mwa miaka ya 1950. Wanatembea kwa miguu, wanapanda magari ya wengine, wanalala wanapopata. Wanafika kijijini, wanaomba ukumbi, wanaigiza usiku huo, wanagawana walichopata, asubuhi wanaondoka. Na katika vijiji hivyohivyo anapita mtu mwingine na mashine yake ya kuonyeshea sinema. Yeye hana watu wa kuwalisha. Anatundika shuka, anawasha taa, watu wanajaa. Hamna haja ya kuambiwa nani atashinda.

Baba wa kundi hilo, Don Arturo Galván, aliigizwa na Fernán Gómez mwenyewe. Siku moja kampuni ya filamu inakuja kupiga picha katika eneo lao, na mzee anapata kibarua: aseme maneno machache tu mbele ya kamera. Maneno machache! Mtu aliyekariri tamthilia nzima nzima maisha yake yote. Mzee anajipanga, anavuta pumzi, na anayatoa yale maneno kama alivyofundishwa na baba yake: sauti ya kufika mstari wa mwisho wa ukumbi usio na kipaza sauti, mkono juu, kila silabi na tetemeko lake. Mwongozaji anamwambia, mzee wangu, sema kawaida tu. Anarudia vilevile. Anaambiwa tena, kawaida. Anarudia, safari hii amezidisha, maana kwake "vizuri zaidi" kumekuwa ni "kwa nguvu zaidi" miaka yote. Watu wa kamera wanachoka, wengine wanaona kichekesho. Mzee anaanza kutambua kwamba hajui wanachokitaka. Ufundi wake wote, alioupata kwa njaa na vumbi la barabarani, pale hauna thamani. Anaondolewa.

Nataka mwone kinachofanyika pale, ninyi mnaosomea kazi hii. Huyo anayeigiza mzee asiyejua kusema "kawaida" ni mwigizaji aliyesifika Uhispania nzima kwa kusema kawaida. Sauti yake nzito, ya taratibu, ilikuwa shule ya waigizaji wawili watatu wa kila kizazi. Kuigiza vibaya kwa makusudi ni rahisi; kila mtoto wa shule anaweza na watu watacheka. Yeye anaigiza ufundi wa zamani kwa ukamilifu wake, bila kuudhihaki, kila mkunjo wa mkono uko mahali pake, mpaka unaona kwamba mzee yule hakuwa mwigizaji mbovu hata kidogo. Alikuwa mzuri, kwa jukwaa ambalo limekufa. Nilipoiona mara ya kwanza sikucheka. Niliwakumbuka wazee waliokuja kwenye filamu zetu za video wakiambiwa "punguza, mzee, punguza", na hakuna aliyewaeleza wapunguze nini.

Tena si hapo tu. Anayetusimulia kisa chote ni mtoto wa mzee huyo, Carlos Galván, aliyeigizwa na José Sacristán. Tunamkuta Carlos naye ameshazeeka, yuko makao ya wazee, mwaka 1973, anazungumza na daktari wa akili. Anakumbuka vijiji, anakumbuka wenzake, halafu anaanza kukumbuka mafanikio: akawa nyota wa filamu Madrid, watu wakamshangilia. Taratibu tunatambua kwamba hayo hayakutokea. Kumbukumbu imetunga. Hana karatasi, hana tangazo lililohifadhiwa, hana shahidi; wenzake wamekufa au wametawanyika. Mwigizaji aliyeishi kwa maneno ya wengine anafika uzeeni hana neno hata moja lililoandikwa kuthibitisha kwamba alikuwepo, basi anajitungia maisha mengine. Hapo ndipo napagombania mimi. Hicho ndicho kitakachotupata, ndugu zangu, na wengine wetu kimeshatupata.

Filamu hiyo, katika tuzo za kwanza kabisa za Goya, tuzo za filamu za Uhispania, mwaka 1987, ilipata tuzo ya filamu bora, mwongozaji bora na mswada bora. Usiku huohuo Fernán Gómez akapewa pia tuzo ya mwigizaji bora kwa filamu nyingine, Mambrú se fue a la guerra. Hakwenda kuzipokea. Sisi huku tunagombania viti vya mbele kwenye tuzo kabla ya kazi yenyewe haijaonekana.

Kuna pingamizi ninalolisikia kila ninapofika hapa: "Mwalimu, siku hizi kuna kamera. Kila kitu kinarekodiwa. Simu zetu zitatuhifadhi." Hapana! Mwaka 1963 Fernán Gómez aliongoza El mundo sigue, filamu kali kuhusu madada wawili wa mtaa wa kimaskini Madrid na chuki inayowala, na mwenyewe akaigiza mume mcheza kamari ya matokeo ya mpira. Wakaguzi wa serikali ya Franco, dikteta aliyeitawala Uhispania baada ya vita ile, hawakuipenda, wasambazaji wakaikwepa. Ilionyeshwa Bilbao mwaka 1965, kimyakimya, halafu ikapotea machoni pa watu. Iliingia kumbini ipasavyo mwaka 2015. Miaka 50! Mwenyewe alishafariki miaka minane kabla. Ilikuwa imerekodiwa, ndiyo, na mkanda ulikuwepo. Lakini mkanda una mwenyewe, na mwenyewe akiamua kuufungia kabatini, umefungiwa. Na hata ukionekana, kamera inahifadhi uso wako. Haihifadhi ulichokuwa ukijiuliza kabla ya kuingia, wala ulivyokatwa mshahara. Hayo utaandika wewe.

Pingamizi la pili: "Mimi si mwandishi, mimi ni mwigizaji." Haya, tuone mwigizaji anaandikaje. Mwaka 1982, katika jumba la Teatro Español la Madrid, ilionyeshwa kwa mara ya kwanza tamthilia yake Las bicicletas son para el verano, baiskeli ni za majira ya joto. Mswada wake ulikuwa umeshinda tuzo ya tamthilia ya Lope de Vega ya mwaka 1977. Ni Madrid ya utotoni mwake: kijana Luisito anataka baiskeli kiangazi cha 1936 na baba anamwambia subiri kidogo, halafu vita vinaingia. Hakuna jenerali jukwaani, hakuna mapigano. Kuna ukumbi wa nyumba na meza.

Na kuna sufuria ya dengu. Njaa imebana, mgao wa chakula ni mdogo, na mama wa nyumba ameona kwamba kila siku dengu zinazofika mezani ni chache kuliko alizopika. Familia inakaa kikao. Nani anakula dengu? Kimya. Halafu kijana anakiri: akipita jikoni amechota kijiko, mara moja au mbili. Binti naye anakiri kijiko. Baba naye, mtu wa heshima zake. Mmoja mmoja, kila aliyemo nyumbani alikuwa akipita jikoni na kuchota kijiko kimoja tu, akidhani yuko peke yake. Hakuna mwizi, kuna njaa, na watu waliokuwa na adabu wanaoneana haya. Mwandishi wa mezani angetupa hotuba kuhusu vita. Mwigizaji alijua kwamba ukumbi utaanza kwa kucheka kijiko cha kwanza, na kwamba kufikia kijiko cha nne kicheko kitakuwa kimekwama kooni. Elimu hiyo huipati ila umesimama jukwaani miaka mingi ukisikiliza watu wanavyopumua. Ndiyo maana nasema mwigizaji ana kitu cha kuandika ambacho mtu mwingine yeyote hana. Mwisho wa tamthilia vita vimekwisha, na baba anamweleza mwanawe kwamba kilichofika si amani, ni ushindi. Fikirini maneno hayo yakisemwa Madrid miaka saba tu baada ya Franco kufa, ukumbini wamekaa watoto wa walioshinda na watoto wa walioshindwa.

Naona mwenyekiti ananionyesha saa. Nitakwenda haraka.

Kitabu chake cha kumbukumbu, El tiempo amarillo, kilitoka 1990, na natamani mtu akitie katika Kiswahili kabla sijafa. Hakuna kujisifu kwingi. Kuna njaa ya baada ya vita, kuna hesabu za mtu anayeishi kwa mkataba hadi mkataba, kuna bibi yake. Kisomeni mwone kwamba maisha ya mwigizaji yanaandikika bila kupambwa.

Uzeeni ndiko wengi duniani walikomfahamia. Mwaka 1998 aliigiza El abuelo ya José Luis Garci, mzee wa ukoo bora anayepofuka, ambaye amegundua kwamba mmoja kati ya wajukuu zake wawili si damu yake na anataka kujua ni yupi. Mwaka 1999 akawa mwalimu Don Gregorio katika La lengua de las mariposas ya José Luis Cuerda, kijijini Galicia, mwaka 1936. Mtazameni dakika za mwisho, anapopandishwa kwenye lori pamoja na waliokamatwa, na mwanafunzi wake mdogo anamtupia mawe na matusi kwa kuwa watu wazima wanafanya hivyo. Hasemi kitu. Alikuwa amefanya kazi ya maneno kwa miaka 60, na pale anakabidhi yote kwa macho. Aliwahi kufanya hivyo mapema zaidi, kwa Víctor Erice, mwaka 1973, kama baba mfuga nyuki katika El espíritu de la colmena, karibu bubu filamu nzima. Watu wanaodhani mwigizaji wa neno hajui kunyamaza waanzie hapo. Tamasha la filamu la Berlin lilimpa tuzo ya mwigizaji bora mara mbili, 1977 na 1985, na dubu wa dhahabu wa heshima 2005.

Mwaka 1998 alichaguliwa kuingia Akademia ya Kifalme ya Lugha ya Uhispania, na mwaka 2000 akakikalia kiti chake. Hotuba yake ya kuingia ilihusu safari ya neno katika karne ya 20. Wataalamu wa lugha walimkalisha kati yao mtu aliyefundishwa kazi katika shule ya chama cha wafanyakazi wakati wa vita. Baraza zetu za Kiswahili, nawaombeni kwa heshima zote, mmewahi kumwita mwigizaji? Nani anasikia Kiswahili kinavyotamkwa, kinavyokosewa na kinavyopendeza, kuliko yeye?

Alipofariki, mwili wake ulilazwa jukwaani Teatro Español, jukwaa lilelile la baiskeli na dengu, jeneza limefunikwa bendera nyekundu na nyeusi ya waanarkisti, na Madrid ikapita kumuaga.

Nilikusudia kuzungumza pia kuhusu mgomo wa waigizaji wa Februari 1975. Franco alikuwa bado hai, na desturi ya majumba ya Madrid ilikuwa maonyesho mawili kwa siku. Waigizaji wakadai wawakilishwe mezani na watu waliowachagua wenyewe, majumba yakafunga milango siku kadhaa, na baadhi yao wakakamatwa, Rocío Dúrcal akiwa mmojawao, mwimbaji aliyekuwa kipenzi cha nchi. Hilo linataka mhadhara wake. Ukumbi unahitajika saa kumi, kwa hiyo tuingie kwenye maswali. Mama pale safu ya pili, umeinua mkono tangu nilipotaja TOT. Karibu, chukua kipaza sauti.